Mukisikia ya Pili, Si Yetu

Pazia la sebule ya mama yangu, mjini, mtaa wa Muhumba, limetundikwa kwenye fimbo ya bunduki. Wageni hawajui. Wanaona ufito mwembamba, mweusi kwa kushikwashikwa, wenye kichwa cha shaba upande mmoja, na wengine huusifu wakauliza umenunuliwa wapi. Mama huwajibu kwamba hauuzwi tena, jambo ambalo ni kweli. Baba alipofariki, msimu wa mvua uliopita, mama alingoja matanga yaishe, akalifunga gobori la marehemu ndani ya kitenge, akalipeleka ofisi ya silaha pamoja na karatasi zake zote, kama baba mwenyewe alivyoagiza. Mkuu wa ofisi alisoma orodha, akapokea bunduki, akapokea pembe ya baruti, akatia saini. Mdeki, yaani ile fimbo ya kushindilia baruti ndani ya mtutu, haukuwa kwenye orodha, kwa hiyo akamrudishia. Mama alirudi nao kwenye teksi, akaliona pazia limelegea, shauri likaisha.

Juzi nilipanda kiti ili niliteremshe pazia lile likafuliwe. Niliposhuka, kiganja changu kilikuwa kinanuka. Miaka yote ile, na bado shaba ilikuwa na harufu ya baruti: mayai yaliyoharibika, kiberiti, na kitu kingine kama mvua juu ya majivu. Nilikaa kitako sakafuni na pazia magotini, mtu mzima mwenye watoto, nikinusa mkono wangu kama paka. Nilikumbuka likizo ile baba alipotaka kumpiga pongo, yule swala wa vichakani, mmoja tu, kwa kufuata sheria, na jinsi nilivyokaribia kumharibia kila kitu kwa sababu ya kumpenda.

Baba alikuwa mpimaji wa ardhi. Ukimpa kiwanja kisichozidi kitanda, atakurudishia ramani, mshale wa kaskazini, na majina ya majirani pande zote nne. Jumamosi nyingi alinichukua nikamsaidie. Kazi yangu ilikuwa kushika jalon, ile nguzo yenye mistari myekundu na myeupe ambayo mpimaji huilenga kwa mbali, na niliijua kazi yangu. Niliweza kusimama wima bila kuyumba hata nzi akinitua puani. Baba alikuwa akiwaambia wenzake kwamba hana jalon bora kuliko Nabintu, nami nilikuwa nikivimba kichwa wiki nzima.

Gobori alilirithi kwa babu, pamoja na kadi yake, lakini mwindaji hakuwa. Mwindaji wa ukoo alikuwa Tonton Bisimwa, binamu yake baba, mkubwa wake kwa umri, aliyekaa kule mlimani juu ya Kavumu, jirani na koko, bibi yangu mzaa baba. Tonton Bisimwa alikuwa na mbwa watatu wenye kengele za mti shingoni, kiko kisichozimika, na sheria zake mwenyewe. Sheria ya kwanza: mwindaji hasemi. Akitoka na bunduki begani ukamwuliza anaenda wapi, anarudi ndani akalale, maana umekwisha kumharibia. Sheria ya pili: jina la mnyama halitajwi. Pongo aliitwa "ule wa kule". Ukimtaja, anasikia, anahama. Mimi niliyaamini maneno hayo kuliko katekisimu.

Kwa kuifuata sheria hiyo ya kunyamaza, baba alikuwa amekwisha kuharibikiwa mara moja. Nilikuwa bado mdogo. Pongo alikuwa ameingia kwenye maharagwe ya koko, Tonton akamwambia baba anyamaze na amfuate, wakanyamaza wote wawili, wakaenda, na baba akafyatua. Kimya kingi kina mshindo mkuu, na siku ile mshindo ulikuwa mkuu kweli. Mlio mmoja tu, na mlima mzima ukakimbia. Watu wa rika langu hawahitaji kuelezwa kwa nini. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka, na mlima ule ulikuwa umeumwa na vita zaidi ya mara moja. Watu waliacha sufuria motoni. Walishuka na watoto na magodoro mpaka kwenye mafunjo ya bondeni, na koko akashuka nao bila viatu, na mvua ikawanyeshea humo. Kesho yake mchana ndipo walipojua kwamba vita yenyewe ilikuwa ni mtoto wa koko amekosa mnyama.

Koko aliumwa kifua mwezi mzima. Maman Riziki, mjane wa nyumba ya juu kabisa, ambaye mume wake alipotea katika kukimbia kwingine kulikokuwa kwa kweli, alihamia kwa dada yake, akakaa huko muda mrefu kabla hajathubutu kurudi. Chifu aliichukua bunduki akaifungia nyumbani kwake. Baba akapata jina jipya: Kimbiza. Tulipokwenda mlimani, watoto wa kisimani walikuwa wakiniimbia "mutoto ya Kimbiza, mutoto ya Kimbiza," nami nilikuwa nikimwaga maji yangu kwa hasira na kulazimika kuyateka upya. Koko naye aliapa mbele ya watu.

"Nikikimbia tena juu ya bunduki ya mutoto wangu mwenyewe," alisema, "ntaenda kufia kwa kaka yangu kule Walungu, na usikuye kunizika."

Koko hakuwa mtu wa kuapa ovyo. Nilimwona baba anavyolimeza neno lile.

Pongo naye hakujua habari za kiapo. Misimu miwili mfululizo alikuja alfajiri, akala maua ya maharagwe mstari kwa mstari kama mtu anayevuna. Tonton Bisimwa akataka kutega waya. Baba akakataa, kwa kuwa waya ni marufuku, na waya haichagui: inamshika jike mwenye mimba, inamshika na mbuzi wa jirani. Likizo kubwa ilipofika, kiangazi, wakati uwindaji unaporuhusiwa, baba akaweka karatasi nyeupe juu ya meza ya chakula, akachonga penseli mbili, nyekundu na buluu, akatuambia mimi na mama kwamba safari hii mambo yatafanywa sawasawa.

Yalifanywa sawasawa mpaka tukachoka. Kwanza tulienda ofisi ya mazingira kuomba kibali. Tulikaa kwenye benchi siku tatu. Karani alipofika kwenye barua yetu alimtazama baba juu ya miwani.

"Papa, batu ba kule banawindaka tu," alisema. "Weye unataka permis ya pongo moja?"

"Moja inanitosha," baba alijibu.

Kibali kilitoka na masharti yake: dume lenye pembe, mmoja, kiangazi hicho tu, mbali na mpaka wa hifadhi. Baba alikuwa amekwisha kuchora mpaka huo kwenye ramani yake, na kichaka chetu kilikuwa upande huu, mbali nao kabisa. Kisha tukaenda kwa kamanda wa askari pale barabarani, baba akamwachia nakala. Kisha kwa chifu, ambaye aliisoma karatasi mara mbili, akaigeuza nyuma kuona kama kuna hila, halafu akaingia chumbani akatoka na gobori la babu limejaa vumbi. Mihuri ilikuwa mingi sana. Mimi nilidhani kibali chenyewe ndicho kinachoshindiliwa mtutuni juu ya baruti, na kwamba bunduki ya baba inahitaji mihuri minne ili ilie. Nilimwona baba akichana gazeti kuukuu la kuwekea kizibo, nikamwonya asije akakosea karatasi.

Jioni, mezani, alichora. Penseli nyekundu ilionyesha pembe ambayo ataruhusiwa kufyatua, nyembamba kama kipande cha keki, na nyuma yake ukingo wa udongo mwekundu wa kumeza risasi endapo atamkosa mnyama. Buluu ilikuwa ya Tonton Bisimwa na mbwa wake: wangeanzia mwisho wa kichaka, wangekuja wakimsukuma pongo mbele, na wasingevuka mstari fulani uliowekwa jalon mbili. Njia ya kisimani ilikuwa nyuma ya mgongo wa baba. Fataki, kile kikofia kidogo cha shaba kinachowasha baruti, isingewekwa mpaka kila mtu awe mahali pake. Kwenye mdeki alikata alama mbili kwa kisu: ukiingia mpaka alama ya kwanza, mtutu hauna kitu, ukiishia kwenye ya pili, umepakiwa, usishindilie tena. Mama aliinama juu ya karatasi na kitambaa cha vyombo mkononi.

"Hii ni kuwinda ama ni kujenga pont?" aliuliza.

Baba alicheka kusikia habari za daraja, akaendelea kupima. Rafiki yake mmoja wa kazini alikuwa amemwambia aache ushamba, aazime kwake bunduki ya kisasa ya mitutu miwili, ampige pongo na kaka yake. Baba alikataa, nami nilimwuliza kwa nini, kwa sababu nilitaka nyama mbili.

"Hii ya muzee inalia mara moja," alinieleza. "Kisha inanyamaza, mutu anaipakia polepole, baruti, kizibo, risasi, unaweza kuimba wimbo muzima. Zile zingine zinalia, zinalia. Mimi nataka bunduki yenye batu banaweza kuhesabu."

Sikuelewa. Nilielewa Jumapili iliyofuata, kanisani kwa koko, wakati katekista alipofika kwenye matangazo. Baada ya ndoa mbili na kikao cha wamama, alifunua karatasi ya baba akasoma habari za Jumamosi, za kibali na za muhuri wa chifu, kwa sauti yake ya puani:

"Samedi, kisha jua kutoka, mutasikia bunduki. Mara moja. Ni ya Papa Nabintu, kwa kichaka ya juu ya maharagi ya mama yake. Anawinda pongo. Iko na permis, iko na cachet ya chef. Musikimbie. Mukisikia ya pili, si yetu."

Mtu mmoja nyuma akasema "Kimbiza!" na vijana wakacheka kidogo. Mimi nilikuwa nimeganda kwenye benchi. Amemtaja! Katekista amemtaja pongo kwa jina, kanisani, madirisha wazi, upepo unavuma kuelekea kichakani. Nje, Tonton Bisimwa alimshika baba mkono mbele ya watu wote.

"Umeikaribisha mazishi yake?" alisema. "Mbona haukuipelekea barua?"

"Kaka, pongo haijuwe Swahili," baba alisema.

"Inajuwa!" Tonton alijibu. "Mimi niko nawinda mbele weye haujazaliwa. Inajuwa Mashi, inajuwa Swahili, na Kifaransa kidogo!"

Watu walicheka, baba akacheka nao. Mimi sikucheka. Niliwaza kwamba baba amefanya kosa la mtu wa mjini, na kwamba Jumamosi atakaa kichakani na mihuri yake minne akimngoja mnyama aliyehama tangu Jumapili, na jina la Kimbiza litakuwa lake mpaka kaburini.

Baba hakuridhika na kanisa, maana kanisa halifiki kila sikio. Ijumaa aligawa nyumba za mlima. Koko alipewa za chini, mama za kandokando ya njia, na mimi nikapewa nne za juu, zinazopakana na kichaka: Muzee Lubala na mke wake, mwashi wa matofali, dada wawili wanaosuka vikapu, na mwisho kabisa Maman Riziki. Aliniambia niyakariri maneno, nikayakariri bila kosa. "Hizi nne ndizo kubwa kuliko zote," alisema. "Ziko karibu. Zikikimbia, zinashuka na mulima yote. Ndiyo maana ninakupa weye." Nilielewa vingine kabisa. Nilielewa kwamba ziko karibu na pongo. Zile za chini zikitajiwa, pengine hasikii. Lakini nikisimama kwenye ua wa Maman Riziki, hatua chache kutoka kwenye miti, nikamtaja kwa sauti, huo si usaliti?

Basi nilipanda mpaka kwenye migomba iliyo chini ya nyumba ya Muzee Lubala, nikakaa, nikala mapera manane, nikahesabu muda ambao mtu mwaminifu angeutumia kwa nyumba nne, nikashuka. "Zote?" baba aliuliza. "Zote," nilisema. Alinipigapiga begani. Nililala vizuri sana usiku ule, nikijua kwamba nimeokoa uwindaji wa baba na hakuna atakayejua.

Jumamosi asubuhi ilikuwa baridi, ukungu umekaa bondeni na mlima umetoka juu yake safi. Baba alikuwa amenipa mahali: jiwe lililo nyuma ya mgongo wake, upande ambao mtutu usingegeuka kamwe. Mama na koko walikuwa nyumbani chini, koko akichambua maharagwe uani, mahali pa kuonekana na kila apitaye njiani, ili watu waone kwamba mama wa mwindaji ametulia. Najua sasa kwamba hakuwa ametulia hata kidogo. Alikuwa amevaa viatu vya kufunga kamba, ambavyo huvaa kwa safari tu. Mbele yangu baba alipima baruti kwa kijiko cha pembe, akaimimina, akashindilia, akatazama alama. Mdeki ukasimama kwenye ya pili. Tonton Bisimwa alikuja akinyemelea kutoka upande wa mbwa, ameambiwa aache kiko nyumbani na uso wake wote ulikuwa unalilia kile kiko. Alinong'ona kwamba mbwa wamekwisha kumnusa.

"Eko ndani," alisema. "Ule wa kule. Dume. Nimeona pembe."

Moyo wangu uliruka kwa furaha. Hakuhama! Nimemficha vizuri! Baba akatoa daftari mfukoni. Hata pale, na pongo ndani ya kichaka, baba yangu alisoma orodha.

"Nyumba za chini?" alijiuliza, akajijibu, "Zimeambiwa." Akaweka alama. "Za njia? Zimeambiwa. Za juu?" Akanigeukia.

"Zimeambiwa," nilisema.

Aliweka alama. Alifungua kikopo cha fataki, akachukua moja kati ya vidole viwili. Na kwa sababu nilikuwa nimekaa juu ya jiwe lile, nilikuwa nauona ua wa Maman Riziki juu yetu, upande wa kushoto. Moshi ulikuwa unatoka jikoni kwake. Riziki, mtoto wake wa umri wangu, alitoka na mtoto wa mama yake mdogo mgongoni akaanza kufagia. Alikuwa akifagia taratibu, akirudi nyuma nyuma, hajui lolote. Nikaona kilichokuwa kinakuja kama nimeonyeshwa picha: Riziki anautupa ufagio, mama yake anatoka, wanashuka kwa mbio, mwashi anawaona, wale dada wanaona, na mlima wote unawafuata mpaka kwenye mafunjo. Na koko na viatu vyake. Na kiapo.

"Papa," nilisema. "Sikuambia."

Alinitazama. Nilianza kulia na kueleza kwa pamoja, mapera, masikio ya pongo, kila kitu. Tonton Bisimwa alishika kichwa.

"Piga tu!" alinong'ona kwa ukali. "Eko hapa! Piga, batakimbia, batarudi!"

Baba alirudisha fataki kikoponi. Nakumbuka mlio wake mdogo ilipogusa chuma. Akaufunga mfuniko.

"Itangoja," alisema.

"Pongo haingojake mutu!"

"Basi iende."

Nimewaona watu wengi tangu hapo wakiwa na kitu wanachokitaka mbele ya macho yao, mabosi, wachungaji, hata mimi mwenyewe. Sijaona wengi wanaofunga mfuniko. Baba alilaza gobori juu ya gunia, mtutu ukielekea kwenye ukingo wa udongo, akaenda akang'oa moja ya zile jalon mbili, akaniletea. Tonton alirudishwa kwa mbwa wake kwa ishara ya mkono, akaenda akisonya.

"Sikiya vizuri," baba alisema, akachuchumaa mpaka uso wake ukawa sawa na wangu. "Unaenda kwa nyumba zote ine. Unasema maneno. Ukifika kwa Maman Riziki, unasimamisha jalon kwa ua, wima, vile tunapimaka shamba. Nikiiona, ntajuwa. Lakini usikimbie. Mutoto akikimbia, mulima yote inakimbia. Tembea."

Hakunikaripia, na hajawahi kunikaripia kwa jambo lile mpaka alipofariki. Nilipanda. Ninaomba uamini kwamba sijawahi kufanya kazi ngumu kuliko kutembea siku ile. Miguu yangu yote miwili ilitaka kukimbia. Nilijipigia hesabu ya hatua kama tunavyohesabu shambani, machozi yananikauka mashavuni, nguzo begani. Muzee Lubala alikuwa akinawa uso, alinisikiliza na povu masikioni, akaniuliza, "Moja tu?" Nikasema moja tu. Mwashi alisema ni vizuri, ila nimwambie baba alenge chini. Wale dada wawili walikuwa wameketi na vikapu vyao, mmoja akavuta pumzi kwa nguvu, mwingine akamshika goti, wakasema wataketi hapohapo. Nilisema maneno bila kuruka hata moja, na nililitaja jina la pongo kwa sauti kila mara.

Maman Riziki alikuwa amesimama mlangoni nilipofika. Alikuwa ameniona tangu chini, na alikuwa amekwisha kumchukua mtoto mgongoni mwa Riziki akajifunga yeye.

"Kuko nini?" aliuliza. "Mbona unalia?"

Nikamwambia. Uso wake ulikuwa mgumu mpaka nilipofika kwenye kibali, akauliza chifu ameweka muhuri kweli, nikasema ameweka. Akauliza askari wa barabarani wanajua, nikasema wana nakala. Akatazama njia inayoshuka bondeni. Nilijua anawaza nini, na nilijua pia kwamba akienda siwezi kumzuia.

"Na kama kuko ya pili?" alisema.

"Si yetu," nilisema. "Hapo tunakimbia na siye."

Sijui kwa nini neno hilo ndilo lililomfaa. Alivuta kigoda akaketi ukingoni mwa ua, mtoto mgongoni. Riziki akaja akasimama nyuma yake. Mimi nikasimama kando yake, nikaisimika jalon ardhini, nikaishika kwa vidole vya mikono miwili kama nilivyofundishwa, wima, bila kuyumba. Chini kabisa nikamwona baba, mdogo kama punje, akiinua mkono. Kisha filimbi yake, ya kumwashiria Tonton alete mbwa. Kisha kengele za mbwa, kwanza mbali, zikikaribia. Maman Riziki akanyoosha mkono akaushika wangu mmoja.

Bunduki ikalia.

Sauti iligonga upande wa pili wa bonde, ikarudi. Moshi mweupe ukapanda kutoka kichakani. Nilihisi mkono wa Maman Riziki ukinibana mpaka mifupa ikaumana, na mwili wake wote ukaanza kuinuka kutoka kwenye kigoda, halafu ukakwama pale katikati. Hakukaa, hakusimama. Alikuwa anasikiliza. Mlima mzima ulikuwa unasikiliza. Nilimwona mwashi amesimama na tofali mkononi. Wale dada walikuwa wameshikana. Chini, kwenye ua wa koko, kitambaa chake cha kichwa chekundu kilikuwa palepale kilipokuwa. Hakuna sufuria iliyoanguka. Hakuna mtoto aliyeitwa. Tulingoja ya pili, sisi sote, muda wa kupakia gobori, baruti, kizibo, risasi, muda wa kuimba wimbo mzima, na ya pili haikuja.

"Ni moja," Maman Riziki alisema.

Akaketi. Akavuta pumzi, akaweka viganja viwili mdomoni, na mwanamke yule ambaye nilikuwa sijawahi kumsikia akipaza sauti akapiga ukelele uliovuka mpaka ng'ambo ya bonde:

"Papa Nabintu! Umeipataaa?"

Kisha kutoka kichakani ikaja sauti ya Tonton Bisimwa, imejaa uchungu wa mwindaji wa kweli:

"Ameikosaaa!"

Mwashi ndiye aliyeanza. Halafu wale dada, halafu Muzee Lubala na povu lake, halafu nyumba za njiani, na kicheko kikashuka mlima mzima ua kwa ua, mpaka nikamsikia koko mwenyewe kule chini akipiga makofi na kulia, "Na maharagi yangu, je? Na maharagi yangu!" Walikuwa wanamcheka baba yangu, watu wale wote, asubuhi kweupe, kila mmoja kwenye ua wake na sufuria yake motoni. Mimi nilikuwa nimesimama juu yao na nguzo yangu mkononi, wima, na sijawahi kujivunia mtu katika maisha yangu kama nilivyomjivunia yeye.